Haki ya Kazi Ianzie Nyumbani Kwetu
(Maneno tuliyowaambia wananchi wa Machochwe)



Hatukuja kumtukana mwajiri wala kumsifu kibarua bure. Tumekuja kusema habari ya kazi.

Mwaka 1955 wafanyakazi wa Tanganyika waliunda shirikisho lao, TFL, na Ndugu Rashidi Kawawa akawa katibu mkuu wake. Walisimama bega kwa bega na TANU, kwani asiye na sauti kazini hana sauti katika nchi. Wakoloni wamekwenda. Je, dharau nayo imekwenda?

Vijana wetu wanakwenda kutafuta kazi katika kambi za watalii Serengeti na migodini Nyamongo. Basi wajue Sheria ya Ajira ya mwaka 2004. Saa za kawaida za kazi zisizidi 45 kwa juma; zinazozidi zilipwe mara moja na nusu. Likizo ya mwaka ni siku 28 kwa malipo. Mama aliyejifungua apewe siku 84. Masharti ya kazi yaandikwe. Kukiwa na shauri na mwajiri hana maandishi, mzigo wa kuthibitisha ni wake. Aliyefukuzwa bila haki ana siku 30 tu za kupeleka shauri lake mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Asikae akingoja huruma ya bwana mpaka siku zikaisha.

Mfanyakazi naye ana wajibu: afike kwa saa, atunze mali, atii amri ya halali. Mlevi na mwizi wasijifiche nyuma ya chama cha wafanyakazi.

Sasa tujitazame wenyewe. Waajiri si wenye hoteli peke yao. Sisi hapa tunaweka vibarua wa palizi na wachunga ng'ombe. Nani kati yetu hajamwambia kibarua "njoo kesho" mpaka msimu ukapita? Na yule mtoto anayechunga wakati wenzake wako darasani, ni wa nani? Sheria inakataza kumwajiri aliye chini ya miaka 14. Hatuwezi kudai haki Mugumu na Musoma, kisha tukainyima zizini kwetu.

Tukitoka hapa, mwenye deni la kibarua alilipe, na mwenye mtoto wa watu machungani amrudishe shule. Hapo ndipo tutakapokuwa na uso wa kumdai tajiri.

Uhuru na Kazi!