Mkono Unaopeleleza na Mkono Unaolinda

Ulinzi wa familia iliyotishiwa na upelelezi wa jinai, yaani kazi ya kukusanya ushahidi dhidi ya mtuhumiwa, huchukuliwa kuwa kazi moja kwa sababu zote mbili huanzia katika kituo cha polisi, ilhali mara nyingi kazi hizo hukinzana. Mpelelezi huhitaji muda na usiri, na pengine humwacha mtuhumiwa huru kwa wiki kadhaa ili awafikie washirika wake, wakati familia ya shahidi inataka mtu huyo awekwe ndani leo hii, kwa kuwa anaijua nyumba yao na shule ya watoto wao.

Nchini Kenya mvutano huo umo ndani ya Katiba ya 2010 yenyewe. Ibara ya 49 inampa aliyekamatwa haki ya kuachiliwa kwa dhamana isipokuwa pawe na sababu nzito za kumnyima, na ibara ya 50 inamhakikishia mshtakiwa kujulishwa mapema ushahidi utakaotolewa dhidi yake. Haki hizo ni za lazima, kwani pasipo hizo kesi hugeuka maonevu. Hata hivyo, siku mshtakiwa anapokabidhiwa maandishi ya mashahidi ndiyo siku ambayo jamaa za mashahidi hao huanza kulala kwa hofu.

Sheria ya Kuwalinda Mashahidi ya 2006 ilitungwa kukabili hofu hiyo. Inaruhusu shahidi asikilizwe faraghani, atumie jina la bandia au atoe ushahidi kwa njia ya video, na hatari ikizidi ahamishwe makazi au apewe utambulisho mpya, na ulinzi huo unaweza kuwafikia jamaa zake pia. Marekebisho ya 2010 yaliupa Wakala wa Kuwalinda Mashahidi uhuru wa kujiendesha, na hapo ndipo penye kiini cha jambo: anayelinda asiwe yule yule anayepeleleza, wala asiwe mwenzake wa karibu.

Ubaya wa kuchanganya kazi hizo mbili ulionekana Juni 2016. Mwendeshaji bodaboda aliyejeruhiwa kwa risasi na afisa wa polisi alikuwa amewasilisha malalamiko kwa IPOA, mamlaka huru inayosimamia utendakazi wa polisi. Baada ya kutoka katika mahakama ya Mavoko, yeye, wakili wake Willie Kimani na dereva wao wa teksi walitekwa, wakazuiliwa katika kambi ya polisi, na baadaye miili yao ikaopolewa mtoni Ol Donyo Sabuk. Mahakama Kuu iliwatia hatiani maafisa watatu wa polisi pamoja na raia mmoja aliyekuwa mtoa habari wao, lakini hukumu hiyo ilitolewa Julai 2022, miaka sita baadaye. Kumwambia mlalamishi wa aina hiyo aombe ulinzi katika kituo cha jirani ni sawa na kumkabidhi fisi zizi la mbuzi.

Wapo wanaodai kwamba shahidi anayelipiwa kodi na chakula na serikali amenunuliwa, na mawakili wa utetezi hawachoki kuirudia hoja hiyo. Haifai kupuuzwa, na jibu lake ni mipaka ile ile: anayeamua posho asiwe na maslahi katika matokeo ya kesi, na posho yenyewe isizidi mahitaji ya kawaida ya maisha. (Kwa hakika, ni nadra mtu kuacha shamba, ndugu na jina lake kwa ajili ya kodi ya nyumba ya kupanga.)

Kinacholemea zaidi ni muda. Kadiri kesi inavyoahirishwa ndivyo familia inavyozidi kuishi mafichoni na gharama ya kuilinda inavyopanda, hata wengine wakaamua kurudi nyumbani na kukana maneno yao. Kwa hiyo mahakama hazina budi kuwasikiliza mashahidi walio hatarini kabla ya wengine wote, na Bunge linapaswa kuutengea Wakala fedha za kutosha, ili usalama wa familia hizo usitegemee hisani ya kituo cha polisi.