Kocha Anayeondoka na Kocha Anayebaki

(Hotuba iliyotolewa na mmoja wa wanafunzi wa zamani katika siku ya kukutana, mbele ya walimu, wageni na wanafunzi.)

Ndugu Mwenyekiti, Mwalimu Mkuu, walimu wetu, wenzangu wa zamani, na ninyi vijana mliosimama huko nyuma kwa sababu viti tumevikalia sisi:

Nimepewa robo saa nizungumzie michezo. Baadhi ya wenzangu walidhani nitasimulia mbio zetu za zamani, nani alimshinda nani. Sitafanya hivyo, maana nimegundua kwamba kila tunapokutana tunazidi kuwa tumekimbia kwa kasi zaidi. Nitazungumza juu ya watu ambao hawapandi jukwaani kuvikwa medali, yaani makocha. Nitawapeleka kwanza kwa jirani zetu wa Kenya, kisha nitawarudisha hapa uwanjani kwetu.

Huko Iten, juu ya ukingo wa bonde la Kerio, kuna shule ya sekondari ya wavulana iitwayo St. Patrick's, iliyoanzishwa na mabruda wa Kikatoliki kutoka Ireland. Mapema kabisa shule hiyo ilikwisha kuwa na mkimbiaji wa kimataifa, Mike Boit, aliyepata medali ya shaba ya mita 800 katika Olimpiki ya Munich mwaka 1972. Katikati ya miaka ya sabini mwalimu aliyeshughulika na riadha pale alikuwa Mwingereza, Peter Foster, ndugu yake Brendan Foster aliyepata shaba ya mita 10,000 kule Montreal mwaka 1976.

Mwaka huohuo wa 1976 alifika mwalimu mpya wa jiografia, Bruda Colm O'Connell. Huyu hakuwa mwanariadha, wala hakuwa amesomea ukocha. Foster alimchukua uwanjani awe msaidizi wake. Baada ya kama mwaka mmoja Foster akaondoka, na yule mwalimu wa jiografia akabaki na timu.

Ndugu zangu, naomba tutue hapo kidogo. Watu wakisimulia habari za Iten hukimbilia kwenye medali. Mimi naona jambo kubwa lilitendeka katika ule mwaka mmoja ambapo kocha anayeondoka na kocha anayebaki walisimama pamoja kando ya uwanja mmoja, wakiwatazama vijana walewale. Bruda Colm hakuwa na vitabu vingi vya kumwongoza, hivyo akajifunza kwa kuwatazama wakimbiaji na kuwasikiliza. Akawa mtu wa mazoezi ya taratibu, ya kunyoosha mwili na kukimbia vizuri kabla ya kukimbia kwa kasi, na hakupenda kumchosha kijana kabla hajakomaa.

Matokeo yake mnayajua. Mapacha Charles na Kipkoech Cheruiyot walikwenda Olimpiki ya Los Angeles mwaka 1984. Mwaka 1988 Peter Rono, kijana wa miaka 21, alichukua dhahabu ya mita 1,500 kule Seoul. Mwaka 1992 Matthew Birir alishinda mita 3,000 za kuruka viunzi na maji kule Barcelona. Na sisi Watanzania tunayo kumbukumbu yetu ya shule hiyo, tena ni chungu. Katika mbio za marathoni za Boston mwaka 1988 Juma Ikangaa wetu alimaliza kwa saa 2, dakika 8 na sekunde 44. Aliyemshinda alitumia 2:08:43. Huyo alikuwa Ibrahim Hussein, aliyesoma St. Patrick's. Sekunde moja tu!

Lakini angalieni jinsi kijiti kilivyopokezwa. Wilson Kipketer alipita mikononi mwa Bruda Colm, akahamia Denmark, na mwaka 1997 akaweka rekodi ya dunia ya mita 800, dakika 1:41.11. Japheth Kimutai naye alifundishwa na Bruda huyohuyo, akawa bingwa wa Jumuiya ya Madola mwaka 1998. Ni Kimutai aliyempendekeza kwa Bruda Colm kijana mmoja wa Kimaasai aitwaye David Rudisha, mwaka 2004. Mwaka 2010 Rudisha alivunja ile rekodi ya Kipketer, na mwaka 2012 kule London akaishusha hadi 1:40.91. Basi rekodi ilitoka kwa mwanafunzi mmoja ikaenda kwa mwanafunzi mwingine wa mwalimu yuleyule, na aliyeonyesha njia ni mwanafunzi wa tatu. Pale shuleni iko miti iliyopandwa kwa heshima ya mabingwa, kila mti na jina lake. Mtoto wa kidato cha kwanza anapokwenda darasani hupita katikati ya majina hayo.

Tena Bruda Colm hakuishia kwa wavulana. Kuanzia mwaka 1989 aliweka kambi wakati wa likizo, akakaribisha na wasichana kutoka shule nyingine. Sally Barsosio, bingwa wa dunia wa mita 10,000 mwaka 1997, alipitia mikononi mwake.

Najua kuna mtu atakayeniambia, "Bwana, Iten iko mita 2,400 juu ya bahari, hewa yenyewe inawafundisha." Ndugu yangu, sisi tuna mlima wa mita 5,895. Lango la Marangu peke yake liko juu ya mita 1,800, na kuna watoto huko wanaopanda na kushuka kwa miguu kwenda shule kila siku. Kama ni urefu wa mlima tu, medali zote za Afrika zingekuwa Kilimanjaro.

Wala si kwamba Tanzania haina vipaji. Filbert Bayi aliweka rekodi ya dunia ya mita 1,500 kule Christchurch mwaka 1974. Mwaka 1980 kule Moscow yeye na Suleiman Nyambui walileta medali mbili za fedha. Mwaka 2025 kule Tokyo Alphonce Simbu akawa bingwa wa dunia wa marathoni. Vipaji vinatokea, lakini vinatokea kimoja kimoja, kwa miaka mingi kati yake, kama mvua isiyo na msimu.

Nyambui alisoma katika Chuo Kikuu cha Texas kule El Paso, chini ya kocha Ted Banks. Vyuo vya Marekani vina desturi moja ninayoipenda. Kila timu, iwe ya riadha au ya besiboli, huandika orodha ya makocha wake wakuu tangu wa kwanza: alianza lini, aliondoka lini, alishinda nini, nani alimfuata. Kocha mpya akifika anajua anasimama mahali pa nani. Nawauliza wenzangu mlio hapa: nani anaweza kunitajia walimu wa michezo wa shule yetu, kwa mfuatano, watano tu? Naona mnatazamana.

Sasa nirudi nyumbani. Nilipokuwa kidato cha tatu, mwalimu wetu wa riadha alihamishwa katikati ya muhula. Barua ilifika Jumatatu, na Ijumaa alikuwa amepanda basi. Saa ya kupimia mbio ilibaki kabatini, na ufunguo wa kabati ukaenda naye mfukoni kwa kusahau. Aliyemfuata alikuwa mwalimu mzuri, lakini hakukuta hata karatasi moja ya kumwambia nani anakimbia nini. Mwenzetu mmoja, aliyekuwa akituacha sote katika mita 1,500, alikaa akisubiri kuitwa mazoezini. Hakuitwa. Muhula uliofuata akaacha mbio kabisa. Yuko hapa leo, na asubuhi ameniuliza kama nadhani angefika UMISSETA. Sikuwa na jibu la kumpa.

Mimi ni mtumishi wa serikali. Leo ni mimi ninayeandaa barua za namna ile. Katika makabidhiano ya ofisi tunaorodhesha majalada, viti, meza na magari, na pande mbili zinatia sahihi. Sijapata kuona hati ya makabidhiano iliyoandikwa jina la mtoto.

Ndugu Mwenyekiti, mwalimu wetu wa michezo wa sasa anastaafu mwezi Desemba. Hana msaidizi. Akiondoka hivi hivi, yatatokea yaleyale. Kwa hiyo naomba mkutano huu ukubali mambo matatu. Kwanza, Mwalimu Mkuu ateue sasa hivi mwalimu kijana asimame pamoja na mzee huyu kwa miezi iliyobaki, na sisi wanafunzi wa zamani tuchange gharama zake za mafunzo ya ukocha. Pili, liwepo daftari la riadha, lenye jina la kila mkimbiaji, muda wake na maumivu yake, lisiloondoka shuleni. Tatu, ubao wa majina ya walimu wa michezo uwekwe karibu na uwanja, na wazee mlio hapa mkae leo mkumbuke majina hayo kabla hatujatawanyika. Na kama uwanja utakuwa wazi wakati wa likizo, wasichana wa shule za jirani nao wakaribishwe.

Wazee wetu wa mlimani walichimba mifongo, na maji yakafika kwenye vihamba kwa vizazi vingi. Mfongo haukudumu kwa sababu ya aliyeuchimba peke yake. Ulidumu kwa sababu kila mwaka watu waliitwa kuusafisha, na kijana alikwenda na baba yake akaonyeshwa mahali maji yanapovuja.

Nanyi vijana, mkitoka hapa mtafuteni mwalimu wenu. Mwulizeni alifundishwa na nani, mkaandike. Daftari la kwanza nimekuja nalo, nitamkabidhi Mwalimu Mkuu sasa hivi, naye atie sahihi.