Chaki Bado Ina Kazi

Juma hili tuzungumzie somo ambalo jina lake tu huwatisha wanafunzi wengi wa vyuo: ekonometriki. Kwa lugha nyepesi, ni ujuzi wa kupima mambo ya uchumi kwa takwimu. Mathalani, bei ya mbolea ikipanda, mavuno ya mahindi yatapungua kwa magunia mangapi?

Siku hizi somo hili hufundishwa sana kwa slaidi. Mhadhiri anawasha projekta, kanuni inatokea ukutani ikiwa imekamilika, na majibu yamepangwa safu kwa safu. Anabonyeza, inakuja nyingine, nao wanafunzi hawajamaliza kunakili ya kwanza. Wanapakuliwa chakula kilichoiva, lakini jikoni hawajaingia.

Hasara yake ni nini? Mwaka 1973 mtaalamu wa takwimu Francis Anscombe, wa Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, alichapisha mafungu manne ya takwimu, kila moja likiwa na jozi 11 za namba. Ukipiga hesabu, wastani ni ule ule, na mstari wa uhusiano ni ule ule: unaanzia 3, kisha unapanda nusu kwa kila hatua moja. Ukisoma majibu peke yake, utaapa kuwa mafungu hayo ni mapacha.

Yachore sasa. La kwanza linaufuata mstari kwa wastani. La pili limepinda kama upinde. La tatu limenyooka, ila nukta moja imechomoza na kuuvuta mstari. La nne, nukta kumi zimesimama wima mahali pamoja, na moja iliyo mbali ndiyo inayoamua kila kitu!

Vijana hawa ndio watakaoishauri serikali kesho: kodi ipande, ama ruzuku ya mbolea iondolewe. Wasipozoea kutazama nukta, shamba moja kubwa litawasemea maelfu ya wakulima wadogo, na hakuna atakayegundua.

Sisemi slaidi zitupwe, la hasha. Kwa michoro hazina mfano. Ziachiwe michoro hiyo. Lakini kanuni itolewe kwa chaki, hatua kwa hatua, kwa mwendo wa mkono, ili mwanafunzi apate nafasi ya kuuliza, "Mwalimu, hapo umefikaje?"

Wahenga walisema, usione vyaelea, vimeundwa. Tuwafundishe vijana wetu kuunda.