Ngamia wa Kuazimwa

Mkiitazama ramani ya Kenya, upande wa kaskazini, mashariki ya Ziwa Turkana, mtaona jangwa liitwalo Chalbi. Zamani za kale palikuwa na ziwa. Leo ni uwanda wa chumvi na vumbi, wala hapalimiki. Wanafunzi wangu hudhani kwamba mahali kama hapo hapana mtu. Wapo. Wagabra hukaa huko, na tegemeo lao kubwa ni ngamia.

Ngamia amshinda ng'ombe kwa uvumilivu, maana aweza kukaa zaidi ya juma zima bila kunywa, akalishwa mbali na kisima. Lakini huongezeka polepole mno. Mimba yake ni ya miezi 13 hivi, na mtamba hazai mpaka apate miaka 4 au 5. Fikirini basi hali ya mtu aliyeamka asubuhi akakuta ngamia wake wa mwisho amekufa. Hata mvua ikinyesha kesho, itamfaa nini? Majani yataota, naye hana mnyama wa kuyala.

Hayo yametukia kweli. Tangu mwisho wa mwaka 2020 hata mwisho wa 2022, misimu 5 ya mvua ilipita mfululizo pasipo mvua ya kutosha, na wanyama wengi sana walikufa.

Mtu huyo ataanzaje tena? Wagabra wana desturi waiitayo dabare. Mwenye ngamia humpa jike mwenziwe aliyepungukiwa, amtunze na kumkama. Maziwa ni ya mwazimwa. Ngamia na watoto wake wa kike hubaki mali ya yule aliyempa. Wengi wataisifu desturi hiyo kwa ukarimu wake. Mimi naona kwamba ina akili pia, kwa kuwa aliyewatawanya ngamia wake katika kambi nyingi hapotezi wote pamoja, ugonjwa ukiingia upande mmoja.

Siku ya kuhama ikifika, wanawake huibomoa nyumba, fito na mikeka, wakaipakia juu ya ngamia wa mizigo. Nyuma yake huja yule jike wa kuazimwa. Jioni, nyumba ikiisha kusimamishwa tena, hukamwa, na watoto hunywa.