Kiwanja cha Umma Hugawanywaje?



Swali mliloniitia ni hili: nani huamua kwamba uwanja wa watoto sasa ni mali ya mtu mmoja? Nitalijibu kama wakili, yaani kwa kuzifuata karatasi.

Kwa miaka mingi jambo hili lilitawaliwa na Sheria ya Ardhi ya Serikali, Sura ya 280. Iliagiza kwamba viwanja vya mjini viuzwe kwa mnada, isipokuwa Rais akiamuru vinginevyo. Katika neno hilo "isipokuwa" ndimo walimopita wanyakuzi. Mwombaji alipeleka barua kwa mkubwa, mkubwa akaandika idhini, Kamishna wa Ardhi akatoa barua ya ugawaji, na mara nyingi barua hiyo ikauzwa kabla mwenyewe hajaweka hata jiwe moja. Tume ya wakili Paul Ndung'u iliifichua njia hiyo katika ripoti yake ya mwaka 2004.

Mwananchi naye alikuwa na kimbilio gani? Mwaka 1989 sehemu ya Uhuru Park, katikati ya jiji hili, ilitengewa jumba la orofa 60 la chama kilichotawala peke yake. Profesa Wangari Maathai alikwenda Mahakama Kuu. Kesi yake ilitupwa kwa hoja kwamba yeye binafsi hakudhurika, hivyo hakuwa na haki ya kushtaki. Jumba halikujengwa, lakini kilichookoa bustani ni kelele za wananchi, zilizowarudisha nyuma wafadhili. Sheria ilikaa kimya.

Leo sheria ina sauti. Katiba ya 2010 hailindi mali iliyopatikana kinyume cha sheria, na humruhusu yeyote kutetea mazingira mahakamani bila kuthibitisha hasara yake mwenyewe. Sheria ya Ardhi ya 2012 imetaja njia za ugawaji, zikiwemo mnada, zabuni na kura ya hadharani, na kudai umma upewe tangazo siku 30 kabla. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu iliamua kesi ya kiwanja cha wazi huko Nyali, Mombasa, ambacho Rais Daniel arap Moi alikuwa amepewa mwaka 1989. Kampuni iliyokinunua baadaye ilishindwa, kwa kuwa ugawaji wa kwanza haukufuata sheria. Hati peke yake haitoshi; mahakama huuliza hati hiyo ilizaliwaje.

Hata hivyo, sheria haitembei yenyewe. Januari 2015, Katiba ikiwa na umri wa zaidi ya miaka minne, wanafunzi wa Shule ya Msingi ya Lang'ata Road waliusukuma ukuta uliowazuia kuingia uwanjani mwao, nao polisi wakawarushia vitoa machozi. Uwanja ulirudi shuleni, lakini waliotangulia mbele walikuwa watoto. Sisi wazazi na wazee tulikuwa wapi ukuta ulipokuwa ukijengwa?

Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Basi kila usharika, kuanzia Kangemi hadi Kawangware, uandike daftari la ardhi ya umma inayouzunguka: shule, soko, makaburi, kingo za barabara. Zitafuteni nambari za viwanja, ombeni nakala za rejista, na mkiona jina geni, iandikieni Tume ya Kitaifa ya Ardhi kudai mwenendo wote wa ugawaji: tangazo lilitolewa lini, na mnada ulifanyika wapi?

Na tusianze kwa jirani. Ikiwa kiwanja cha kanisa letu kilikuwa zawadi ya mkubwa, bila tangazo wala mnada, nasi tumesimama pale aliposimama mnyakuzi. Wazee wa kanisa na waisome hati yao kwanza, mbele ya waumini wote. Hapo ndipo tutakapokuwa na kinywa cha kumwuliza mwingine.