Shingo ya Mtungi: Mhadhara juu ya Neno Antiklastiki



Kwa desturi, profesa mpya hupewa saa moja aeleze amekuwa akifanya nini miaka yote hiyo. Saa yangu nitaimaliza kwa neno moja, tena neno ambalo wanahisabati wenzangu wameshalitupa. Neno lenyewe ni antiklastiki. Lina pacha wake, sinklastiki. Msihangaike kuyaandika sasa.

Kila mmoja autazame mkono wake. Tandaza kidole gumba kiwe mbali na kidole cha shahada, uitazame ngozi iliyo katikati. Ukitembeza kidole cha mkono wa pili kutoka kwenye gumba kwenda kwenye shahada, unashuka bondeni kisha unapanda. Ukikitembeza kutoka kiganjani kwenda mgongoni mwa mkono, unapanda kilima kisha unashuka. Mahali ni pamoja, lakini njia moja ni bonde na nyingine ni kilima. Uso wa namna hiyo ndio antiklastiki. Sasa funga ngumi, uguse fundo la kidole. Huko, upite njia yoyote, ni kilima tu. Huo ni uso sinklastiki. Vitabu vya shule hutoa mfano wa tandiko la farasi, lakini wanafunzi wangu wengi farasi wamemwona kwenye televisheni. Mkono kila mtu anao.

Maneno haya mawili yalitungwa Uskoti. William Thomson, ambaye dunia ilikuja kumjua kwa jina la Lord Kelvin, na Peter Guthrie Tait wa Edinburgh, waliyaweka katika kitabu chao kikubwa cha fizikia, Treatise on Natural Philosophy, kilichotoka mwaka 1867. Thomson alikuwa ameupata uprofesa wa Glasgow mwaka 1846 akiwa na miaka 22 tu, na kutunga maneno kulikuwa kama ugonjwa wa kwao. Kaka yake, James, ndiye aliyewapa wanafunzi wa Belfast neno "radiani" kwenye karatasi ya mtihani mwaka 1873. Radiani ikaenea dunia nzima, hadi leo inawatoa jasho vijana wetu wa kidato cha tano. Antiklastiki ikabaki nyuma.

Walilitoa wapi? Katika Kigiriki kuna kitenzi chenye maana ya kuvunja. Mzizi huohuo unapatikana katika neno wanalotumia Wazungu kumwita mvunja sanamu, na katika lile wanalotumia wanajiolojia kuiita miamba iliyojengwa na vipande vya miamba mingine. Ndiyo maana mtu akilitafuta neno letu bila uangalifu hujikuta katikati ya mchanga na kokoto. Kilichovunjwa, kwa Wagiriki, kiliweza pia kuwa kilichopindwa, kama kijiti kibichi kinachovunjika nusu. Antiklastiki basi ni kilichopindwa kwa kukinzana, na sinklastiki ni kilichopindwa kwa pamoja.

Hapa Kiswahili kina jambo la kujivunia. Sisi tunatofautisha kukunja na kupinda. Kanga unaikunja, unaiweka sandukuni, na ukiikunjua ni ileile. Nguo haikuvutika popote. Upinde wa kuwindia unapindwa: upande wa nje umevutika na wa ndani umebanwa, na mti wenyewe unalijua hilo ndiyo maana unapigania kurudi. Karatasi utaikunja hata iwe ndege, lakini hutaweza kuilaza juu ya chungwa bila kuikunyanza au kuichana. Kiini chote cha somo langu kimo ndani ya tofauti hiyo ya vitenzi viwili.

Kabla ya Thomson na Tait, njia ilikuwa imeshafyekwa. Mwanahisabati Euler, mwaka 1760, alionyesha kwamba kwenye kila nukta ya uso uliopinda vizuri kuna mwelekeo mmoja ambao uso unapinda kupita yote na mwingine unaopinda kidogo kupita yote, na mielekeo hiyo miwili hukatana kwa pembe mraba. Mwaka 1827 mwanahisabati mwingine, Gauss, akaichukua mipindo hiyo mikuu miwili akaizidisha. Ikipinda upande mmoja, zao ni chanya. Ikikinzana, zao ni hasi. Ukiwa mmoja wao umenyooka kabisa, kama kwenye mabati yetu ya migongo, zao ni sifuri. Kisha akathibitisha kitu kilichomshangaza mwenyewe, akakiita kwa Kilatini nadharia ya ajabu: zao hilo halibadiliki ukiukunja uso bila kuuvuta. Mdudu anayeishi juu ya uso, asiyejua kama kuna juu wala chini, anaweza kulipima kwa kamba na pembe tu. Atachora pembetatu kwa njia fupi kabisa. Nyuzi zake zikizidi 180 yuko kwenye tumbo la tufe, zikipungua yuko kwenye tandiko.

Baada ya Gauss, mwanahisabati alihitaji tu kusema "mpindo chanya" na "mpindo hasi". Alama mbili, kujumlisha na kutoa, zikayameza maneno ya Thomson na Tait. Fungua kitabu cha jiometri cha leo, huenda usiyakute hata mara moja. Lakini ingia kwa wahandisi wa mihimili, kwa washona mahema na kwa masonara, utayakuta yana afya njema. Nimejiuliza sana kwa nini. Jibu langu ni kwamba alama ya kutoa humwambia mtu matokeo ya hesabu; haimwambii mkono ufanye nini. Antiklastiki humwambia: pinda huku, halafu pinda kule kinyume chake.

Chukueni kifutio cha mpira, kile kirefu cha mwanafunzi. Kipinde kwa vidole kiwe kama daraja, kisha ukitazame mgongo. Ulitaka kukipinda njia moja tu, chenyewe kimejipinda na ya pili: kingo zake mbili za ubavuni zimenyanyuka. Sababu ni kwamba mgongo umevutwa kwa urefu, na mpira ukivutwa kwa urefu hujibana kwa upana. Tumbo limebanwa kwa urefu, likatanuka kwa upana. Mgongo mwembamba juu ya tumbo pana hauna la kufanya ila kujipinda kuelekea juu. Wahandisi huuita huo mpindo antiklastiki wa mhimili, na kipimo cha kubana huko kina jina la Mfaransa, Siméon Denis Poisson. Mwaka 1987 Roderic Lakes, kule Marekani, alitangaza sponji iliyotengenezwa kwa namna kwamba ukiivuta kwa urefu inatanuka na upana pia. Ipinde sponji hiyo. Inatoa kuba badala ya tandiko. Wanaochunguza vitu vya aina hiyo hawakosi kuyaandika maneno yetu mawili, kwa sababu huo ndio mtihani ambao jicho linauona bila mashine.

Masonara nao wana yao. Heikki Seppä, mzaliwa wa Finland aliyefundisha St. Louis, alichapisha mwaka 1978 kitabu cha ufuaji wa bamba, na ndani yake jina antiklastiki limekuwa jina la ufundi: bamba bapa la fedha linawekwa juu ya chuma chenye mawimbi, linafuliwa kwa nyundo nyembamba, kingo zikienda huku na uti ukienda kule, mpaka linakuwa bangili iliyonepa kama shingo ya korongo.

Na mahema? Hapa niwaombe radhi wenye harusi. Sote tumekaa chini ya turubai lililofungwa bapa, mvua ikaja, maji yakatuama katikati, akatafutwa kijana mwenye fimbo ya ufagio alisukume. Kitambaa hakijui kusukuma, kinajua kuvuta tu. Kikivutwa njia moja, upepo utakikuta kimelegea njia ya pili. Dawa yake ni kuinua pembe mbili zinazotazamana na kushusha mbili nyingine. Nyuzi za mlalo mmoja zinakaza kuelekea juu, za mlalo wa pili zinakaza kuelekea chini, kila moja inamshikilia mwenzake, na maji yanajua pa kwenda. Msanifu majengo Frei Otto alitumia maisha yake kwenye jambo hilo. Paa za uwanja wa Olimpiki wa München wa mwaka 1972, alizofanya na Günter Behnisch, ni bahari ya matandiko. Félix Candela, mkimbizi wa Kihispania aliyehamia Mexico, alifanya vivyo hivyo kwa zege. Mgahawa wake wa Xochimilco, wa mwaka 1958, umefunikwa na gamba lenye unene wa sentimita 4 hivi. La kufurahisha ni kwamba tandiko la aina aliyoipenda limejaa mistari iliyonyooka kabisa, kwa hiyo maseremala wake waliliundia kalibu kwa mbao za kawaida, zisizopindwa.

Lakini mwalimu wangu wa kwanza wa somo hili hakuwa Gauss. Alikuwa bibi yangu, na darasa lilikuwa kibarazani. Bibi alisuka ukili, akauzungusha na kuushona kutengeneza kitanga cha duara. Nikijaribu mimi, nilivuta mno, kitanga kikajikunja kikawa bakuli. Nikilegeza mno, kingo zikaanza kupanda na kushuka kama mawimbi ya kaskazi. "Kitanga chako kimelewa," akaniambia, "umekipa ukili mwingi." Miaka mingi baadaye, nikiwa ughaibuni, nilisomeshwa kwamba duara lenye nusukipenyo cha sentimita 10 kwenye uso bapa lina mzingo wa sentimita 62.8, kwenye uso sinklastiki mzingo hupungua, kwenye antiklastiki huzidi. Nilicheka peke yangu darasani. Upe mzunguko huo ukili wa sentimita 58, unapata bakuli. Upe 68, unapata kitanga kilicholewa.

Niseme sasa juu ya majina, kwa kuwa ndiyo yaliyonisukuma kuuandika mhadhara huu. Tukifundisha lenzi kwa Kiswahili tuna mbinuko na mbonyeo, maneno mazuri, yaliyokwishazoeleka. Wapo waliopendekeza yatumike pia kwa nyuso za namna hii. Napinga. Chukua kijiko: mgongoni ni mbinuko, kigeuze ni mbonyeo. Maneno hayo yanategemea umesimama upande gani. Kigeuze kijiko mara mia, kinabaki sinklastiki. Geuza ile ngozi ya mkononi, ukiweza, itabaki antiklastiki, maana bonde likigeuka kilima, kilima nacho kinageuka bonde. Jina linalobadilika kwa kugeuza kitu haliwezi kubeba ugunduzi wa Gauss, ambao maana yake yote ni kwamba haubadiliki.

Kwa antiklastiki napendekeza uso wa mipindo kinzani. Hili halina taabu. Nguvu kinzani tunazisema kila siku. Sinklastiki ndiyo iliyonipa kazi. Mwanzoni nilifikiria mipindo ya mwafaka, mwenzangu mmoja kutoka Zanzibar akaniambia neno hilo limeshachoka kwa siasa. Nimeishia kwenye mipindo pacha. Mtasema pacha ni sawasawa, ilhali mipindo miwili ya yai haiko sawa. Waulizeni wakunga kama pacha wote huzaliwa na uzito mmoja.

Vitu vingi vina sura zote mbili, na hapo ndipo majina haya yanapolipa gharama zake. Tyubu ya baiskeli iliyojazwa upepo, ikilazwa mezani, upande wake wa nje wote ni wa mipindo pacha, upande wa ndani, unaotazama tundu, ni wa mipindo kinzani. Mpaka kati ya pande hizo ni miduara miwili, mmoja ni ule unaogusa meza na mwingine uko juu yake. Ukijumlisha mpindo wa nje wote kwa kipimo cha Gauss, unapata sawasawa na mpindo wa mpira mzima wa miguu. Ukijumlisha wa ndani unapata kiasi hichohicho, kikiwa hasi. Bana tyubu, ikalie, izungushe shingoni: jumla itabaki sifuri. Kinachohama ni mpaka tu.

Na mtungi huu mnaouona mezani ni vivyo hivyo. Tumbo ni la mipindo pacha. Shingo inazunguka duara huku wasifu wake ukinepa kuelekea ndani, kwa hiyo ni ya mipindo kinzani. Kati yao lazima pawe na mstari usio wa huku wala wa kule. Jana niliuchora kwa chaki pale hesabu yangu iliponielekeza. Asubuhi alipita mama mfinyanzi aliyeniuzia, kuja kudai elfu mbili zilizobaki, akauona. Akapitisha kidole mara moja kutoka mdomoni hadi tumboni, akafuta chaki yangu kwa ncha ya kanga, akachora mstari mwingine upana wa kidole chini ya ule wa kwanza. Ndio huo mnaouona.