Mbwa, Jirani na Moyo Uliochoka

Nimeombwa niseme machache kuhusu mbwa, maana watoto wenu wanawaona kwa majirani na sasa wanataka wa kwao.

Uchovu wa ugenini mnaujua: barua usizozielewa, kazi za usiku, simu ya nyumbani yenye habari nzito. Je, mnyama anaweza kusaidia? Mwaka 2019 watafiti wa Washington State University, Marekani, walieleza kwamba wanafunzi waliowapapasa mbwa na paka kwa dakika 10 tu walipungukiwa na kotisoli, homoni ya msongo, katika mate yao.

Sisi wa Sur, Oman, jambo hili tunalijua kwa njia nyingine. Usiku, kule Ras al Jinz, kasa hupanda ufukweni kutaga mayai. Wageni huzima taa, hunyamaza, humfuata kiongozi. Ukimtazama kasa akichimba shimo lake, madeni huyakumbuki. Mbwa hukupa utulivu wa namna hiyo kila siku. Lazima atembezwe, basi nawe utatoka nje. Na jirani ambaye hajawahi kukusalimu atauliza jina lake.

Hofu yetu nayo ina sababu. Tumekua tukionywa juu ya kichaa cha mbwa, na maonyo hayo ni ya kweli. Kwa Waislamu kuna pia suala la najisi. Hata hivyo, Sura ya al-Kahf inamtaja mbwa aliyekuwa pamoja na vijana wa pangoni, na Mabedui wamefuga saluki wa kuwinda tangu zamani. Muulize shekhe wako, kisha amueni nyumbani pamoja.

Kabla ya kumleta mbwa, someni mkataba wa nyumba: je, wanyama wanaruhusiwa? Pigeni hesabu ya chakula, chanjo na daktari wa mifugo. Mbwa huishi miaka kumi na zaidi. Mtoto akichoka, nani atamtembeza?

Kama hamuwezi kufuga, si neno. Wafundisheni watoto kumwomba mwenye mbwa ruhusa kwanza, kutokimbia, na kumwacha mbwa anuse mkono. Kisha tembeeni pamoja na jirani huyo. Mara nyingi dawa ya upweke huanzia hapo, kwenye matembezi ya jioni na salamu mbili tatu.